Mvumo wa Mjomba Nyuki

Wahenga walipotuonya tusiache mbachao kwa msala upitao, hawakuwa na chuki na mikeka mipya. Walitaka tu mtu ajiulize: msala huu ukishapita, nitakalia nini? Mpiga piano wa hadithi hii hakujiuliza.

Alikuwa kiongozi wa bendi ya jazi ya watu wanne, wasiotumia chombo chochote cha umeme: yeye, mpiga saksafoni, mpiga ngoma, na mjomba wake aliyepiga besi ya mbao iliyomzidi kimo. Miaka tisa walihangaika kwenye arusi na mikahawa, na sasa walikuwa wamepata siku nne za kurekodi albamu yao ya kwanza. Siku ya tano studio ilikuwa ya wengine. Wakishindwa, basi tena.

Tatizo lilikuwa mjomba. Kila alipopiga, alivuma, mmm, mmm, hata watu wakambandika jina la Nyuki. Ukumbini hakuna aliyejali, lakini vipaza sauti vya studio vilisikia hata tumbo likinguruma. Siku ya kwanza fundi mitambo alipowasikilizisha walichorekodi, Nyuki alisikika waziwazi kama mtu anayeumwa jino. Mpiga piano aliona aibu mpaka masikio yakamuwaka.

"Mjomba, kwani huwezi kufunga mdomo?"

"Mdomo nimeufunga, mwanangu. Hii inatokea puani."

Wote wakaangua kicheko isipokuwa yeye. Jioni alimwita mjomba pembeni, akamwambia apumzike, kwani amempata mpiga besi mwenye jina kubwa anayepita mjini. "Haya, mpwa wangu," Nyuki akasema. Akaivika besi yake gunia la turubai, akaondoka bila kugeuka nyuma.

Mgeni alikuja na vidole vyepesi, kimya kama maji ya mtungini. Alipiga vizuri, tusimnyime haki yake. Lakini lo! Kila wimbo ulijikwaa mlangoni. Ngoma iliwahi, saksafoni ikachelewa, wakaanza upya, na upya tena, siku mbili nzima.

"Hivi sisi huwa tunahesabu vipi kabla ya kuanza?" aliuliza mpiga piano, hoi bin taabani.

Mpiga ngoma akashusha vijiti vyake. "Hatujawahi kuhesabu, dada. Huwa tunamsikiliza Nyuki akivuta pumzi."

Maneno hayo yalimchoma. Miaka tisa ya uongozi, na hakuwa amelijua hilo! Kabla hajafungua kinywa, simu ya mgeni ikaita. Bendi kubwa ilimtaka, safari ni leo leo. "Mniwie radhi, jamani, riziki imeniita," akasema, akaenda zake.

Asubuhi ya siku ya nne mpiga piano alimkuta mjomba wake uani, akiipangusa besi kwa kitambaa.

"Mjomba, nimekukosea. Nilikuonea aibu, na wewe ndiye uliyeniweka mbele ya piano." Machozi yakamlengalenga.

"Studio inafungwa saa ngapi?"

"Saa kumi na mbili jioni."

"Sasa unalia nini hapa? Shika huku, hii nzito."

Studioni kila mtu alikaa mahali pake. Nyuki akasimamisha besi, kisha akatoa mfukoni kibanio cha nguo na kujibana pua.

"Nini tena hicho, Mjomba?"

"Si ulitaka nyuki anyamaze?" akajibu kwa sauti ya mafua. Hakuwa akifanya mzaha. Alikuwa tayari kupumua kwa shida kutwa nzima ili mpwa wake apate albamu yake.

Hakuna aliyecheka. Mpiga piano aliinuka, akakibandua kile kibanio taratibu, akakitia mfukoni mwake. Akamgeukia fundi mitambo. "Kipaza sauti cha besi, tafadhali kisogeze karibu na uso wake."

Nyuki akavuta pumzi. Wote wanne wakaingia kwa pamoja, na kufikia saa kumi na moja na nusu nyimbo nane zilikuwa zimekamilika.

Leo ukiicheza albamu hiyo, kabla ya uzi wowote kulia utasikia mzee akivuta pumzi, kisha akivuma. Wapo wanaomuuliza mpiga piano kwa nini hakuifuta kelele ile. Naye hukigusa kibanio anachokiweka juu ya piano yake, akawajibu: usiache mbachao kwa msala upitao.