Nungunungu na Ngiri Aliyechapa Kazi

Ngano iko mlangoni!

Ifungulie iingie!

Anayeona nitaongopa anyooshe mkono sasa hivi. Wewe Kitwana, nimekuona! Shusha. Shule niliikimbia darasa la sita, lakini kesi za maprofesa nani anazijua hapa? Mimi.

Hapo kale na kale, wanyama walikuwa na chuo kikuu chao. Si cha tajiri mmoja, cha wanyama wote. Kanuni yake ilichongwa juu ya jiwe: "Atakaye uprofesa awe amechapa kazi tatu."

Bibi Nungunungu alikuwa mhadhiri hapo. Akachomoa mwiba mgongoni, akauchovya wino, akaandika kitabu cha mizizi. Akachomoa wa pili, akaandika kitabu cha udongo. Akachomoa wa tatu, akaandika kitabu cha mvua. Vyote vikachapwa. Alikuwa anazeeka, na alitaka jambo moja tu: aitwe Profesa kabla hajastaafu.

Akaenda kwa Nyati, mkuu wa chuo. "Bwana Mkuu, nimechapa kazi tatu."

"Subiri, Bibi." Akasubiri.

Akaenda tena. "Subiri, Bibi." Akasubiri.

Akaenda mara ya tatu. Akamkuta Ngiri kavaa joho la uprofesa!

"Huyu kaandika nini?"

"Kuandika?" Nyati akacheka. "Jiwe limesema kuchapa kazi. Ngiri kanilimia shamba. Kanichimbia kisima. Kanijengea banda. Kijana anachapa kazi huyu, mpaka pua imechubuka!"

Mnacheka? Bibi Nungunungu hakucheka. Alikwenda mtoni, kwenye mahakama ya Jaji Kiboko.

Siku ya kesi, Jaji akatoa kichwa majini. "Bibi, unadai nini?"

"Mheshimiwa, nimekuja kukubaliana na Bwana Mkuu."

Wanyama wakaguna. Nyati akatingisha mkia.

"Kuchapa kazi ni kutoka jasho. Sivyo, Bwana Mkuu?"

"Ndivyo! Tena iandikwe!"

"Basi Punda anabeba maji ya chuo tangu utoto. Anabeba kuni. Anabeba hata mizigo ya Bwana Mkuu. Ikiwa Ngiri ni profesa, Punda akalie kiti cha Mkuu wa Chuo."

Punda alikuwa kando na madumu yake. Akalia, "Hii-haa! Niingie ofisini lini?"

Nyati akaruka. "Hapana! Punda hajaandika hata mstari!"

"Na Ngiri kaandika mingapi?"

Ngiri akaificha pua yake ndani ya joho.

Hukumu ikawa hivi: Ngiri avue joho, Nungunungu avae.

Basi ndugu zangu, ukilipinda neno limwenee rafiki yako, litamwenea na usiyemtaka. Ngano nimeitua hapa. Aliyeipenda aibebe, aliyenuna aniachie kigoda chake.

Mbona hamwondoki? Kitwana, unaniangalia nini?

Haya, haya. Kuna kipande nimekiruka, maana nilitaka mcheke kwanza. Kiboko ni wa kuzama. Baada ya kesi alizama kwenda kuandika hukumu, na hakuibuka upesi. Mto ulijaa, ukakauka, ukajaa tena. Alipoibuka kuisoma, Bibi Nungunungu alishastaafu. Joho alipelekewa nyumbani. Lilimkaa vizuri sana, ila hakuwa tena na darasa la kulivalia.