Zimwi Lililosubiri Wimbo Uishe

Sogeeni, wanangu, na atakayesinzia nitamwachia zimwi.

Hapo kale, katika kijiji cha Wakannada huko Bara Hindi, mjane Siddavva alikuwa akisaga ulezi alfajiri huku akiimba. Zimwi likaingia.

"Leo nakumeza."

"Nimeze, lakini kwetu wimbo wa kusagia haukatwi katikati. Ngoja uishe."

Likakaa. Siddavva akapaza sauti. Jirani yake Kallavva akausikia wimbo, akaupokea kwa ubeti wake mwenyewe, maana ndiyo desturi yao.

"Umekwisha?"

"Bado. Uko kwa Kallavva."

Kallavva akawapokeza wanawake wa kisimani.

"Umekwisha?"

"Bado. Uko kisimani. Nawe usikae bure, shika mpini tusage."

Zimwi likashika, likasaga.

"Umekwisha?"

"Bado. Wasichana wameongeza beti."

Wanawake wale nawavulia kofia. Hakuna aliyeombwa, wala hakuna aliyeacha ubeti wa mwenzake ufe.

Siddavva alizeeka, akafa kifo chake kitandani. Binti zake wakarithi wimbo, mawe ya kusagia, na zimwi la kuyazungusha. Mpaka leo jiwe likinguruma, ni zimwi linauliza kama wimbo umekwisha. Nao wanalijibu kwa ubeti mwingine.