Mwavuli wa Bwana Shomvi

Paliondokea uchaguzi wa Msimamizi wa Kura katika Jimbo la Kisamaki. Watu walijipanga nyuma ya mgombea wao; filimbi ikilia, hakuna kusogea. Bwana Mbaraka Shomvi, aliyetaka kura za jimbo zihesabiwe sebuleni kwake, alikuwa na mlolongo mrefu. Mpinzani wake, Bi Mwanakheri Sudi, hakuwa na mtu nyuma yake.

"Jitoe, mama! Njoo unishikie mwavuli," Bwana Shomvi alimwambia.

"Kujitoa sijitoi, bwana mkubwa. Mwavuli nitashika."

Akaushika.

"Jua lanipiga usoni!"

"Basi nisimame mbele yako?"

"Upesi!"

Akasimama mbele. Filimbi ikalia.

"Mgombea aliye mbele ni nani?" aliuliza karani.

"Mwanakheri binti Sudi," alijibu mwenyewe kwa adabu. "Kura yangu ya kwanza ni huyu bwana aliye nyuma yangu, mwenye mwavuli."