Kamera ya Idil Katika Arusi ya Bura

Mtu anaweza kusifiwa ugenini mpaka sifa zimchoshe, lakini tunzo linalokaa moyoni ni la watu wa kwao. Hayo yalimfika Idil, binti wa mtaa wa Waberi, Garissa.

Idil alikuwa mpiga picha za filamu. Kwa miaka mingi alibeba kamera begani, akifanya kazi na vijana wasio na kampuni wala mfadhili mkubwa. Alhamdulillahi, alisifika mpaka Nairobi. Nyumbani walinong'ona tu kwamba ile ni kazi ya wanaume.

Mwaka huu mwelekezi wa filamu, Kang'ethe, alikuja naye Bura kwenye arusi. Kiini cha filamu kilikuwa buraanbur, mashairi ambayo wanawake huimba na kucheza arusini, mwanamume asiwepo. Mama Maka, msimamizi wa arusi, alikataa katakata kamera isiingie.

"Kamera yako ina jicho moja," alimwambia Idil, "lakini midomo yake haihesabiki. Kesho bibi arusi atakuwa kwenye simu ya kila mwanamume hadi Dadaab."

Kang'ethe akashauri simu ifichwe kikapuni, irekodi kwa siri. Idil akakataa, ingawa bila ngoma ile filamu ingekufa na jina lake lizame nayo. Alimrudia Maka, akaahidi kuingia peke yake, kupiga picha za mikono na miguu tu, na kuwaonyesha kila picha kabla haijatoka.

"Na tukisema futa?"

"Nitafuta, eedo," Idil akajibu, akimwita shangazi kwa heshima.

Akaiweka kamera chini karibu na mkeka, miguu ikatua mbele yake kama matone ya mvua ya kwanza mchangani. Baadaye wanawake wakakizunguka kioo cha kamera. Picha moja, bila kukusudiwa, ilimnasa bibi arusi akicheka, nuru ya mlango shavuni. Idil hakuwahi kupiga picha nzuri kama ile.

"Hiyo futa," Maka akasema.

Moyo ukamchoma kama mwiba wa mgunga. Akasema bismillahi, akaifuta mbele yao.

Maka akavua mtandio wake wa hariri, akamvika mabegani, kama avikwavyo mshairi aliyewakosha watu.

"Piga tena, binti yetu, ngoma bado. Na huyo mwelekezi aliyeko nje apelekewe chai, asije akatuchungulia."

Wakaimba upya, na safari hii shairi lilimtaja Idil na mama aliyemzaa. Mcheza kwao hutunzwa.