Mtu Aliyetaka Kurudisha Amina Yake

Usiitikie amina dua usiyoisikia. Ndivyo mama yenu alivyomwambia Saada asubuhi ya leo, alipogundua kwamba mtoto huyu ameongea na mjomba wake kwenye simu huku akisuka nywele, akajibu "sawa, sawa, sawa," na kumbe amekubali kukaa na watoto wa mjomba likizo nzima. Nyinyi mkacheka. Kisha mkaja kuniuliza dua imeingiaje katika mambo ya simu. Haya, endeleeni kuchagua huo mchele, nami niwaambie maneno hayo yalitoka kinywani mwa nani, na siku hiyo palikuwa na nini jikoni.

Kulikuwa na mtu akiitwa Mfaume Chande, wa kijiji cha Kitunguli, upande wa Mikindani. Alikuwa binamu wa babu yangu mzaa mama. Yeye mwenyewe sikumkuta, lakini mkewe, Bi Somoe, nilimwona akiwa ajuza, na habari hii ni yeye aliyenisimulia, akinywa chai na kucheka mpaka chai inampalia.

Mfaume alikuwa mtu wa chumvi. Kiangazi alikuwa akiyaingiza maji ya bahari kwenye majaruba yake, akayaacha jua liyakaushe, kisha akaikwangua chumvi na kuirundika. Mkewe alikuwa mkulima wa mpunga bondeni. Kwa hiyo nyumba ile ilikuwa na mambo yake: mume akiamka hutazama juu akitafuta jua, mke akiamka hutazama juu akitafuta wingu. Siku ambayo mmoja alifurahi, mwenzake alinuna. Hata hivyo walipendana, na mwaka mmoja kwa mwingine walipata chakula.

Jambo jingine la Mfaume lilikuwa sauti yake. Alikuwa na sauti nene, ya kutoka tumboni, na sauti hiyo aliitumia zaidi kwenye neno moja: amina. Hapakuwa na hitima, maulidi, akika wala harusi aliyoikosa. Alikaa karibu na masufuria, mahali ambapo maneno ya anayeomba hayafiki vizuri lakini harufu inafika. Wenzake wakisema amina, naye alisema, kwa nguvu kuliko wote. Tangu utotoni alikuwa ameona kwamba amina zikishakuwa nyingi, masinia hutoka. Basi katika akili yake neno hilo lilikuwa na maana hiyo tu: chakula kinakaribia. Kadiri alivyolipaza, ndivyo alivyoamini kinakaribia upesi.

Mwaka mmoja mvua za mwaka zilichelewa. Wakulima walikuwa wamekwisha kulima, mbegu zimo ardhini, na ardhi ngumu kama kigae. Mihogo ilinyauka. Wanawake walifuata maji mbali, wakarudi na maji ya rangi ya chai ya maziwa. Kijiji kizima kilikuwa na huzuni, isipokuwa Mfaume. Yeye jua lile lilikuwa limempa chumvi ambayo hajawahi kuiona maishani mwake. Lundo lake lilikuwa jeupe na refu, ukilitazama mchana macho yanauma, na majarubani bado kulikuwa na nyingine inakauka. Hakuisema furaha yake hadharani, maana hakuwa mtu mbaya. Lakini njiani alitembea akipiga mluzi.

Wazee wakakubaliana wafanye sadaka. Wakanunua ng'ombe, wakachinja, na watu wote wakaalikwa kwenye uwanja wa msikiti. Mfaume alikuwa majarubani tangu alfajiri, hakusikia wito wala shabaha yake. Aliinusa tu sadaka hiyo upepo ulipogeuka. Akanawa miguu, akavaa kanzu, akafika dua imekwisha kuanza, akajipenyeza mpaka mahali pake pa siku zote, karibu na masufuria, ambapo kuni zilikuwa zikipasuka na wapishi wakigombana.

Mbele, Maalim Dadi, imamu wa msikiti, alikuwa ameinua mikono, machozi yanamtoka.

"Ewe Mola, tuletee mvua!"

"Amina," watu wakaitikia.

"AMINA!" Mfaume akaitikia.

"Mvua isiyokuwa haba!"

"AMINA!"

"Ijaze mito, ijaze mabonde, isiache shimo kavu tangu vilimani mpaka ufukweni!"

Hapo wapishi walikuwa wameanza kufunua. Mvuke wa pilau ukampiga Mfaume usoni, akatoa amina ambayo Bi Somoe alisema iliwarusha kunguru kwenye paa la msikiti. Watu waligeuka kumtazama. Wote walijua chumvi yake iko wazi huko ufukweni, haina hata jani la kuifunika. Mzee Ajali, aliyekuwa mkubwa wa kijiji, akajifuta macho kwa ncha ya kilemba.

Mfaume alipoketi kula, alishangaa kuona wanamletea sinia lake peke yake, nundu na maini juu. Mzee Ajali akaja kumshika mkono.

"Mwanangu Mfaume, leo umetutanguliza sisi mbele ya nafsi yako. Moyo kama huo sijauona."

Mfaume alikuwa na tonge mdomoni. Akalimeza. "Kawaida tu, mzee wangu," akasema. "Hata kesho nitafanya."

"Hata kesho!" Mzee Ajali akawageukia wenzake. "Mmemsikia?"

Akarudi nyumbani na mkewe, tumbo limejaa na roho imetulia. Njia nzima Bi Somoe alikuwa akimtazama kwa jicho ambalo Mfaume hakuwa ameliona tangu siku za uchumba. Walipokaribia nyumbani, kivuli kikapita juu yao.

"Mama Hadija," Mfaume akasema, "hilo wingu linataka nini?"

"Si wewe uliyeliita?"

"Mimi?"

"Dua ya mvua, mume wangu. Umeiitikia kuliko sisi wenye mashamba. Nilikuwa nikidhani wewe na chumvi yako mmeoana, kumbe mke ni mimi."

Bi Somoe aliniambia kwamba hajawahi kuona uso wa mtu ukitoka rangi namna ile. Mfaume aliikunja kanzu mpaka magotini, akatimua mbio kuelekea ufukweni. Alikuwa bado hajafika tone la kwanza likamdondokea puani.

Chumvi ya majarubani iliyeyuka mbele ya macho yake. Lundo alilifunika kwa makuti ya banda, kwa mkeka, na mwisho kwa kanzu yenyewe, akarudi nyumbani amevaa kikoi peke yake, ameloa, anatetemeka. Njiani watu walikuwa nje wakicheza mvuani, na kila aliyempita alimwita kwa furaha, "Mfaume! Amina!" Naye hakuweza kufanya lolote ila kupunga mkono.

Asubuhi yake mvua iliposita kidogo, alikwenda kwa Maalim Dadi.

"Maalim, nimekuja kurudisha amina yangu."

Maalim alidhani hakusikia vizuri. "Kurudisha nini?"

"Amina. Ile ya jana. Zilikuwa nyingi, lakini hasa ile kubwa ya mwisho."

"Mfaume, kwani wewe unajua amina maana yake nini?"

Mfaume akafikiri. "Maana yake dua imekwisha, watu wanawe mikono."

Maalim Dadi akajishika ndevu ili asicheke. "Maana yake, ewe Mola, itikia. Anayeomba ni mmoja, lakini anayesema amina naye ameomba, haja ile ameifanya yake. Mimi jana niliomba mvua, na wewe ukaiomba. Tena uliomba kwa sauti kuliko mimi."

"Na shangazi yangu je? Yeye anaitwa Amina, na hata ukimwita haitiki."

"Hilo ni jina la uaminifu na amani. Shina lake na la neno hili ni moja, lakini shangazi yako tumwache apumzike."

"Kwa hiyo hairudi?"

"Neno likishatoka mbele ya Mola na mbele za watu, utalirudishaje? Lakini mlango wa kuomba haujafungwa. Una haja, iombe. Ukipata na watu wa kukuitikia, heri zaidi."

Mfaume aliondoka pale na maneno ya mwisho tu. Watu wa kumwitikia. Akawaza: ni mkulima gani atakayeitikia amina dua ya kuzuia mvua? Hakuna. Lakini akawaza tena: mimi mwenyewe niliitikia nisichokitaka, kwa sababu ya pilau. Nao wana matumbo kama mimi.

Akachinja mbuzi wake wa pekee. Akamwambia mkewe apike, ni sadaka ya shukrani. Bi Somoe alishangaa, maana mume wake alizoea kula shukrani za wenzake, hakuzoea kuzipika. Lakini akapika, na watu wakaja kwa wingi, wakajaza uwanja wa nyumba na baraza yake, huku manyunyu yakianguka. Mfaume akasema leo ataongoza dua mwenyewe. Akaamuru masufuria yafunuliwe kabla ya dua kuanza, na yawekwe upande ule upepo unakotokea.

Akainua mikono. Akasoma Fatiha kwa sauti nzuri, wote wakamsikia. Kisha akainamisha kichwa, sauti ikashuka, ikawa kama nyuki ndani ya mtungi: "Ewe-Mola-simamisha-hii-mvua-jua-liwake-chumvi-ikauke..." Hapakusikika neno, mvumo tu. Akanyamaza, akasubiri amina.

Mzee Ajali, ambaye alikuwa hajala tangu asubuhi kwa kujiandaa, akafungua mdomo. "Ami..."

"Hebu ngojeni!"

Ilikuwa sauti ya Bi Somoe. Alikuwa amesimama kwenye mlango wa jikoni, upawa mkononi. Alikuwa ameishi na mume huyu miaka mingi, na sauti yake ndogo hakuwahi kuisikia. Alijua mtu mwenye sauti ya ng'ombe akinong'ona, kuna jambo.

"Baba Hadija," akasema, "hiyo dua umeisoma au umeificha? Iseme tuisikie. Hatuitikii amina dua tusiyoisikia."

Watu wakageuka kumtazama Mfaume. Mzee Ajali akaimeza ile nusu ya amina yake.

Mfaume alitazama masufuria, akatazama watu. Mbele kabisa alikaa jirani yake, Mchinjita, miguu bado ina tope la shamba, na tope lile lilikuwa la siku moja tu. Kabla ya hapo mtu yule alikuwa akilima vumbi. Akamtazama mkewe. Basi akaona aibu, akaona na uchungu, maana kule ufukweni kulikuwa na kazi ya kiangazi kizima chini ya kanzu moja.

"Nilikuwa naomba mvua ikatike," akasema.

Mvuke wa pilau ulipita na hakuna aliyeufuata.

"Ile ya msikitini sikuisikia," akaendelea. "Nilisikia wapishi. Mzee Ajali, ulinisifu bure, na maini yale niliyala bure. Chumvi yangu inayeyuka jamani, na sijui la kufanya."

Mtu mmoja nyuma akaanza kucheka. Alijaribu kuzuia, akashindwa, akamwambukiza wa pili, na mara baraza nzima ilikuwa ikicheka, watu wanaegemeana mabegani. Mzee Ajali alicheka mpaka kilemba kikamfunguka. Mfaume mwenyewe, machozi yako machoni, akajikuta anacheka.

Walipotulia, Bi Somoe akamwambia kwa upole, "Sasa omba tena, mume wangu. Kwa sauti yako."

Mfaume akainua mikono. Alifikiri kwanza, na huenda ilikuwa mara yake ya kwanza kufikiri kabla ya kuomba.

"Ewe Mola, mvua ya watu hawa usiikate. Na chumvi yangu, inusuru kwa njia uijuayo wewe."

Wa kwanza kuitikia alikuwa Bi Somoe, na baada yake wote, kwa sauti moja: "Amina!"

Wakala upesi. Kisha Mzee Ajali akasimama, akanawa, akasema, "Jamani, tumeitikia. Mbona tumekaa?" Akachukua pakacha lililokuwa ukutani, akatoka mvuani. Wengine wakamfuata na vikapu, ndoo, vyungu, na wengine na mtumbwi mbovu, wakauburuta mchangani kama sinia. Maalim Dadi alibeba chumvi kichwani kwa kilemba chake. Waliipeleka nyumba kwa nyumba, popote penye paa lisilovuja, mpaka pale ufukweni ikabaki kanzu ya Mfaume peke yake.

Chumvi ya majarubani ilipotea, haikurudi. Lakini ile ya lundo ilikaa salama masika yote. Ilikaa mivunguni, ilikaa darini. Bi Somoe alisema mwaka ule Kitunguli hakuna aliyeazima chumvi, na mgeni akija kulala hukuta kitanda kimeinuliwa juu kuliko kawaida. Mpunga nao ukaota vizuri. Mume na mke wakaonekana asubuhi wakitazama juu pamoja, hakuna anayenuna.

Mfaume hakuacha kuhudhuria dua. Mtu haachi kula. Ila alihama kutoka kwenye masufuria, akawa anakaa mbele, karibu na Maalim, ametega sikio. Na palipokuwa na neno ambalo hakulielewa, aliinua mkono katikati ya dua na kuuliza, "Hapo umeomba nini?" Maalim Dadi alichukizwa sana na tabia hiyo, lakini angefanyaje, naye ndiye aliyemfundisha.

Toka hapo watu wakawa wanaambiana. Mtu akiletewa jambo kwa haraka, akasikia tamu yake kabla ya kusikia lenyewe, na ulimi umekwisha kuwa tayari kukubali, mwenzake humshika mkono na kumwambia maneno ya Bi Somoe: usiitikie amina dua usiyoisikia.