Kadi za Mvua za Mzee Anselmi

Njia ya mwongo ni fupi. Si kwamba mwongo hatembei; hutembea, tena kwa madaha, ila hafiki mbali. Waliokuwa mahakamani mjini Morogoro asubuhi moja ya mwaka 1997 walimwona mmoja akifika mwisho wa njia yake.

Mzee Anselmi alikuwa msoma kipimo cha mvua cha serikali milimani Matombo kwa miaka ishirini na minane. Wafanyakazi walipopunguzwa, aliachishwa bila kulipwa haki zake. Alishtaki, akashinda. Miaka miwili ikapita, amri ya mahakama ikabaki karatasi tu. Hata hivyo, kila siku saa tatu asubuhi alipanda kwenda kupima mvua.

"Wamekufukuza, na wewe bado unachungulia kopo lao!" mkewe, Paskalia, alimcheka.

"Mama Prisca, aliyepunguzwa ni mimi. Mvua haijapunguzwa."

Kila mwisho wa mwezi alishuka mjini na kadi ya vipimo. Ofisi yake ya zamani iliipokea, ikamwekea sahihi na muhuri kwenye nakala aliyobaki nayo.

Ndipo mkuu wa ofisi hiyo, Bwana Evance, alipoitwa aeleze kwa nini asifungwe kwa kudharau amri ya mahakama. Mlangoni hakumwamkia mzee. Alikitazama kikapu chake, akasema, "Leo si siku ya gulio. Ndizi utamuuzia nani?"

Mbele ya hakimu sauti yake ililainika kama mafuta. "Mheshimiwa, tuko tayari kulipa. Tatizo, mdai hapatikani. Tangu hukumu itoke, ofisini kwangu hakuna aliyemtia machoni."

Hakimu angeyaamini hayo, shauri lingefutwa na mzee angerudi mlimani mikono mitupu.

Mzee Anselmi aliondoa ndizi, akatoa nakala ishirini na nne za kadi zake, zilizofungwa kwa nailoni. Hakimu alizipekua moja moja. Njiwa walisikika wakitembea juu ya bati.

"Bwana Evance, sahihi hii ya nani?"

"Yangu, Mheshimiwa."

"Na hii ya mwezi uliopita?"

Bwana Evance alijifuta jasho kwa kiganja.

Hakimu hakupandisha sauti. "Askari, mchukue. Atakaa mahabusu mpaka amri itekelezwe."

Mtu ambaye akikohoa ofisi nzima husimama, alishuka kizimbani ameshikwa mkono kama mgonjwa. Paskalia, aliyeketi nyuma ukumbini, alifanya ishara ya msalaba. Hakuwa amejua kwamba neno la upole laweza kuwa na uzito ule. Kabla ya saa tisa, hundi ililetwa.

"Twende," mzee alimwambia. "Kesho saa tatu nina kazi."

Alifariki miaka mitatu baadaye, wakati wa masika. Asubuhi ya maziko, kabla ya jeneza kutolewa, Paskalia alipanda peke yake hadi kwenye kipimo, akaandika: milimita arobaini na moja.

Njia ya kutoka Matombo hadi mjini ni ndefu, na mzee aliimaliza kila mwezi. Njia ya mwongo ni fupi.