Neno Gumu la Bi Mwanatumu

Basi ukawa ukame, visima vyote vikakauka isipokuwa kimoja cha Bwana Shekue, tajiri aliyekumbatia kamusi ya Kiingereza kuliko alivyomkumbatia mkewe, na habari hiyo aliitoa mkewe mwenyewe. Shekue akatangaza mbele ya mji kwamba hateki mtu maji yake mpaka aletewe neno la Kiingereza asilojua maana yake.

Wanawake walijipanga na ndoo zao, wakashindwa mmoja mmoja. Bi Mwanatumu, ambaye Kiingereza chake kiliishia "gudi moning", akajongea na kubana pua.

"Teknmajnyot," alisema.

Shekue alikohoa. "Aa, hilo? Ni maradhi ya sungura wa Ulaya."

Bi Mwanatumu alimwona kijasho kikimchuruzika, akajishika kiuno. "Kumbe unalijua, mwanangu! Haya, nimeshindwa. Ila nifundishe kulitamka, nisije nikachekwa."

"Unameza herufi, bibi. Neno adimu halimezwi. Sema: te, ke, ni."

"Tekni."

"Te! Ke! Ni! Ma! Ji! Nyo! Te!"

"Ulimi wangu mzito, baba. Liunge wewe, tena kwa sauti, na wale wa nyuma wafaidi."

Shekue akasimama, akatanua kifua, akanguruma: "Tekeni maji nyote!"

"Ahsante, Bwana Shekue!" waliitikia wanawake, ndoo zikazama kisimani.

"Ngojeni! Hicho ni Kiingereza!"

"Nasi twateka kwa Kiingereza," alisema Bi Mwanatumu, akivuta kamba.